Nani Amesema Nguvu Imeisha?

Kila wiki naona mnabishana kuhusu zile dunia za ndoto kwenye katuni za Kijapani. Nguvu za miujiza zinafifia, anga linapauka, watu wanalia, msimu unaofuata nguvu zinarudi, halafu zinafifia tena. Sawa, hata mimi naangalia. Lakini wasee wa Kilifi, hadithi kama hiyo tunayo hapa nyumbani na hakuna anayekesha akiibishania.

Wengi wenu mmeona kigango hata kama hamkujua jina. Ile nguzo ya mti mgumu, ndefu, nyembamba, kichwa cha duara, mwili umechongwa vipembetatu kutoka juu hadi chini. Ni ya Mgiriama aliyekuwa mwanachama wa Gohu. Na sehemu ninayoipenda mimi ni hii: mara nyingi fundi haitwi siku ya mazishi. Inangojwa ndoto. Marehemu anamjia mtu wa ukoo usingizini, analalamika kwamba ana baridi, kwamba amesahauliwa. Ama watu wa nyumbani wanaanza kuugua, mganga anatafutwa, anasema mwenye kudai ni yule mzee. Hapo ndipo mti unakatwa. Nguzo inavishwa vitambaa, inamwagiwa mnazi, inaongeleshwa kama mtu.

(Na tafadhali, neno "uchawi" usiniletee hapa. Kwenye kaunti hii wazee wameuawa kwa neno hilo, kisa mvi.)

Je, nguvu ya kigango hufifia? Inafifia ndiyo, na wenyewe wana utaratibu wao. Familia ikihama, kigango hakifuati. Kinabaki palepale, mvua na mchwa wafanye kazi yao polepole, na kwenye makao mapya kinasimamishwa kingine kidogo, wanakiita kibao. Mzee ni yuleyule, amehamia tu.

Shida ni wale wanaokuja kututangazia imeisha ilhali si yao. Mwaka 1914 Waingereza walilipua Kaya Fungo kwa baruti kwa sababu walijua viapo vya Wagiriama vilipata nguvu pale. Mekatilili wa Menza walikuwa wamemkamata mwaka mmoja kabla, wakampeleka mbali kule magharibi mwa nchi, akatoroka akarudi. Leo kaya hiyo ni mojawapo ya zile zilizoingizwa na UNESCO kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2008. Baruti ilienda wapi?

Kisha wakaja wanunuzi, hasa miaka ya 70 na 80. Vigango viling'olewa usiku, vikauzwa kwenye maduka ya vinyago, vikaishia Marekani kwenye sebule za matajiri na kwenye majumba ya makumbusho. Ukiwauliza baadhi ya wauzaji, jibu lilikuwa tamu sana: familia ilishahama, nguvu ilishaisha, tumeokota kilichotupwa. Yaani wamesoma ule utaratibu wa kibao wakaugeuza kuwa risiti.

Unajua kilichowakwamisha? Picha. Mwaka 1985 mtafiti wa Kimarekani, Monica Udvardy, alimpiga picha mzee mmoja huku Kaloleni akiwa na vigango viwili vya ndugu zake. Muda mfupi baadaye vikaibwa. Mwaka 1999, kwenye mkutano wa wasomi Marekani, akaonyeshwa slaidi na mwenzake Linda Giles, na kimoja kilikuwa hapo, ndani ya jumba la makumbusho huko Illinois. Cha pili kikapatikana Chuo Kikuu cha Hampton. Vyote viwili vilirudi 2007, mzee mwenyewe ameshafariki. Jumba la Denver nalo lilisema 2014 kwamba litarudisha 30. Vilifika Kenya 2019. Hesabu hiyo miaka mwenyewe.

Sasa kwa nini naandika haya wiki hii? Kwa sababu baba mdogo anauza kipande cha shamba la babu, na mnunuzi anataka kiwe "safi". Pale chini ya mwembe kuna vigango vitatu, kimoja kimeinama kama mlevi. Baba mdogo anasema ni kuni tu, nguvu iliisha zamani, na karo ya watoto wake haingoji. Simlaumu kwa karo. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili, najua ada inavyouma. Ila tayari kuna bwana wa duka la vinyago aliyekuja mara mbili kuuliza bei ya hizo kuni. Kuni gani hizo za kupanda bodaboda kuzifuata?

Shangazi hajabishana na mtu. Alisema tu kwamba ameota babu mara mbili mwezi huu, amesimama mlangoni, hataki kuingia. Kikao kikanyamaza. Hata baba mdogo aliangalia simu yake, na simu ilikuwa imezimwa.

Mpimaji anakuja Ijumaa. Nimepiga picha za vigango vyote vitatu, mbele, nyuma, na ule ufa kwenye kile kilichoinama, nikaandika tarehe, nikazichapisha, nakala moja anayo shangazi. Hapa sitaziweka. Na nyinyi mnaonitumia ujumbe mkiuliza ni kijiji gani, endeleeni tu kuuliza.