Mkristo mbele ya sanamu ya shaba

Mwezi huu tuzungumze juu ya swali moja ambalo linaweza kukupata siku yoyote: ukiingia mu nyumba ya ibada ya watu wa dini ingine, utafanya nini na kofia yako, mikono yako na magoti yako? Usijibu mbio. Njoo kwanza tutembee pamoja mu mji wa Nara, kule Japani. Nilipelekwa inchi ile kwa stage ya majuma sita, na siku moja ya mapumziko walitutembeza kwa miguu kuona mahekalu.

Aliyetuongoza alikuwa mama mmoja mzee, mwenye kusema Kifaransa polepole na kubeba bendera ndogo ili tusipotee. Mbele ya kuanza alitufundisha jambo moja, nami nakufundisha wewe. Wajapani wako na nyumba za ibada za namna mbili. Ukiona mlango mkubwa wa nguzo mbili na miti miwili juu yake, bila ukuta, ujue ni jinja, nyumba ya dini yao ya zamani inayoitwa Shinto. Ukikuta sanamu ya Buddha ndani, pale ni hekalu la Wabuddha, dini iliyofika kwao mu karne ya 6, ikipitia China na Korea. Kwa jinja watu wanainama na kupiga makofi mara mbili. Kwa hekalu la Wabuddha wanaunganisha mikono kimya, hawapigi makofi. Na watu wengi wanaenda kwote kuwili bila shida. Sisi tuliozoea kuuliza mtu «unasali wapi?» jambo hilo linatushangaza sana.

Njia inapita mu bustani kubwa mwenye kulungu zaidi ya elfu moja. Hakuna mwenye kuwawinda, juu ya hadisi inayosema kwamba mungu mmoja wa jinja ya Kasuga alifika pale akipanda kulungu mweupe. Wanatembea kati ya watu sawa mbuzi wa cité. Ukiwa na biskuti yao mkononi, kulungu anakuinamishia kichwa mara mbili tatu. Usipompa, anakuvuta shati! Mwenzetu mmoja alinyang'anywa karatasi ya njia, ikatafunwa yote.

Halafu tukafika Todaiji, hekalu kubwa. Mlangoni wanasimama walinzi wawili wa mbao, kila mmoja zaidi ya mita 8, waliochongwa mwaka 1203 na mafundi Unkei na Kaikei pamoja na wasaidizi wao, kwa siku 69 tu. Ndani ya nyumba, mu giza kidogo, anaketi Buddha wa shaba, urefu wake karibu mita 15. Ndugu msomaji, mimi mtoto wa Katanga, mbele ya kufikiri dini nilifikiri shaba. Maandiko ya kale yanahesabu karibu tani 500. Nikauliza: «Mama, shaba yote hii ilitoka wapi?»

Mama akafurahi. Akasema watalii wanauliza urefu na uzito, lakini wachache wanauliza mgodi. Sikiliza basi habari yenyewe.

Kati ya mwaka 735 na 737 ugonjwa wa ndui uliua watu wengi sana mu Japani. Mfalme Shomu, mwenye kuona inchi inalia, aliagiza mwaka 743 sanamu hii ifanywe. Alitaka pia maskini wapate sehemu: mwenye kuleta tawi la mti ao udongo wa kujaza mkono, apokelewe. Mtawa mmoja, jina lake Gyoki, alizunguka vijijini kukusanya watu na mali. Sanamu iliyeyushwa na kumiminwa kwa ngazi nane, kuanzia chini kwenda juu, miaka mitatu, toka 747 mpaka 749. Siku ya kuiweka wakfu, mwaka 752, mtawa kutoka India, Bodhisena, ndiye aliyechora macho yake. Kwa ile burashi walifunga kamba ndefu, na watu wengi wakaishika, ili kila mmoja aseme: na mimi nimechora.

Na shaba? Sehemu kubwa ilitoka mgodi wa Naganobori, mbali upande wa magharibi, mu eneo la mji unaoitwa leo Mine. Kweli, jina lake linaandikwa sawa «mine» ya Kifaransa, lakini kwao ni jina tu la mahali! Wataalamu walipopima shaba ya sanamu na mawe ya mgodi ule, waliona vinafanana. Na mu udongo wenye maji wa mgodi walipata mamia ya vipande vya mbao vyenye maandiko. Unajua viliandikwa nini? Hesabu ya shaba, na majina ya wafanyakazi. Si majina ya wakubwa tu. Majina ya watu waliopiga jiwe na kuvuta moshi, karibu miaka 1300 iliyopita.

Pale ndipo moyo wangu ulishituka. Wazee wetu pia walijua kuyeyusha shaba mbele Wazungu hawajafika. Waliimimina kuwa misalaba midogo, wakafanya nayo biashara, na imepatikana mu makaburi ya zamani kule Sanga, upande wa Upemba. Majina ya mafundi wale hatunayo. Lakini majina ya baba zetu wa Kipushi, Kambove na Kolwezi bado tunaweza kuyapata. Kijana, unajua babu yako alishuka mgodi gani, mwaka gani, na nani alimshika mkono siku ya kwanza? Kama hujui, na yeye bado ni mzima, ulete kiti, uketi karibu naye.

Mama yule hakuficha upande mbaya. Ili sanamu ing'ae, walichanganya zahabu na zebaki, wakapaka, halafu wakachoma ili zebaki itoke. Leo tunajua moshi wa zebaki ni sumu kubwa. Wazazi wenye watoto mu karieri za zahabu, musikie: uzuri wa kazi hauzuie sumu. Zebaki haichomwi nyumbani, wala karibu na chungu cha bugali.

Sasa turudi kwa swali letu. Watu waliokuwa karibu nami waliunganisha mikono na kuinama. Mimi nilifanya nini? Niliondoa kofia. Nilinyamaza. Sikuinama mbele ya sanamu, na hakuna mtu aliyenitazama vibaya. Mama alisema hivi: «Mgeni anaombwa heshima, haombwi imani.» Mu moyo nilimuombea kwa Mungu wangu kila mtu aliyevunjika mgongo juu ya shaba ile, na ya kwetu.

Juu ya nini nakuambia hakuna aliyenilazimisha? Kwa sababu mu inchi ileile kulikuwa wakati mwingine. Mwaka 1597 Wakristo 26 waliuawa kule Nagasaki. Kisha, kwa miaka zaidi ya mia mbili, watawala walilazimisha watu kukanyaga sanamu za Yesu na za Maria ili waonyeshe kwamba si Wakristo. Sanamu zingine zilikuwa za shaba pia! Ona basi: kwa shaba mtu anaweza kufanya kitu ambacho maskini wanakishika kamba kwa furaha, anaweza pia kufanya mtego wa dhamiri ya jirani yake. Shaba haina kosa. Mkono wa mtu ndio unachagua.

Kwa hiyo, sisi Wakristo wa kambi na cité, ambao tunaishi mulango kwa mulango na Waislamu, na watu wa makanisa ingine, na wale wanaoshika desturi za wazee, tusikanyage. Paulo alipokuwa Atene alitembea kwanza, akaangalia vizuri vitu vyao vya ibada, ndipo akasema nao (Matendo 17). Hakucheka, hakuvunja, na hakuacha imani yake.

Mwisho tulipanda mpaka Kasuga, jinja iliyoanzishwa mwaka 768. Kuna taa karibu 3000, za mawe njiani na za shaba chini ya paa, zilizotolewa na watu wa kila namna, nyingi na jina la mtoaji. Mama alituomba tupite kando ya njia, maana katikati wanaiacha kwa mungu wao. Nilipita kando. Haikunipunguzia kitu.

Binti yangu alipoona picha aliniuliza: «Baba, we haukuogopa?» Nilimujibu: «Apana. Mwenye kujua nyumba ya baba yake haogopi kubisha hodi kwa jirani.»

Maswali ya kuzungumza nyumbani:
1. Jirani wa dini ingine akikualika kwa sikukuu ao kwa kilio chake, utakubali nini, utakataa nini, na utakataa kwa maneno gani?
2. Nani mu jamaa yetu alifanya kazi ya mgodi? Andikeni jina lake, mgodi wake na miaka yake mu kitabu cha nyumba, mbele mukumbusho haujapotea.