Watoto wa Baraka huko Louisville na viumbe 150 vya Game Boy

Katika nyumba moja ya kupanga mjini Louisville, jimbo la Kentucky, Marekani, kijana wa miaka 15 amemaliza kazi iliyomchukua karibu miaka miwili. Amekusanya viumbe vyote 150 vya mchezo wa zamani wa Pokémon. Habari ilifika Baraka, teritwari ya Fizi, Jumapili hiyohiyo, kwa sauti ya WhatsApp ambayo mama yake alimtumia dada yake mkubwa anayekaa karibu na soko. Mama mkubwa huyo hajawahi kuushika mchezo wenyewe, lakini kila juma alikuwa anauliza neno moja tu: "Wamefika ngapi?"

Wamefika, si amefika. Kazi hii haimalizwi na mtu mmoja, na aliyeilipa zaidi si kijana ambaye jina lake liko kwenye cheti. Ni dada yake mdogo, mwenye miaka 11.

Mama yao alivuka Ziwa Tanganyika mwaka 1996, bado msichana, vita vilipofika Fizi. Kambi ya Nyarugusu, mkoani Kigoma, Tanzania, ilifunguliwa mwaka huo. Watoto wote wawili walizaliwa hapo kambini, na Baraka wanaijua kwa masimulizi tu. Walipofika Marekani, mzee mmoja jirani alikuwa anauza vitu vya nyumbani mbele ya mlango wake. Aliwapa mashine mbili za Game Boy Color, waya mmoja mfupi, na kaseti nyekundu ya mchezo. Ya buluu kijana aliinunua baadaye, kwa pesa ya kukata majani ya watu.

Kwa wasioujua mchezo huu: mtoto anaanza safari katika kijiji kidogo, anapewa kiumbe kimoja na kitabu kiitwacho Pokédex, na mzee mwenye maarifa anamwomba akijaze kitabu hicho. Kila kiumbe anachokamata kinaandikwa humo. Ulitoka Japani mwezi wa pili mwaka 1996, na Wamarekani waliupata mwaka 1998, ukiwa katika kaseti hizo mbili, nyekundu na buluu. Kuna kiumbe cha 151, Mew, lakini hicho kilifichwa ndani ya kaseti na mmoja wa watengenezaji, Shigeki Morimoto, na hakihesabiwi kwenye cheti. Kijana hakujisumbua nacho.

Mtu mwenye kaseti nyekundu peke yake, hata acheze miaka kumi, anaishia viumbe 124. Wengine 11 wanapatikana kwenye buluu tu. Wanne hawafikii umbo lao la mwisho mpaka wapite kwenye waya kwenda mashine nyingine. Mwanzoni unachagua mmoja kati ya watatu, na wawili waliobaki hutawapata tena. Mbele unachagua tena, mara ya pili, mara ya tatu, na kila ulichokiacha kimekwenda.

Hiyo haikuwa bahati mbaya. Aliyebuni mchezo anaitwa Satoshi Tajiri, jina ambalo lilimchekesha sana mama wa watoto hawa, maana alidhani wanamtajia mali ya mtu. Tajiri alikulia Machida, pembezoni mwa Tokyo, akikamata wadudu kwenye mabwawa na vichaka. Majengo yakaja, mabwawa yakafukiwa. Alipouona waya unaounganisha Game Boy mbili, aliwaza mdudu anayetembea ndani yake kutoka mashine moja kwenda nyingine. Kwa hiyo mchezo ulijengwa ili mtu ahitaji mwenzake.

Mwenzake kijana alikuwa dada yake. Alipompa kaseti ya buluu, msichana alitakiwa kujiandikia jina lisilozidi herufi saba. Akaandika BARAKA. Kiumbe chake cha kwanza alimchagua Squirtle, kobe wa maji, na kiumbe hupewa jina lisilozidi herufi kumi. Akaandika TANGANYIKA. Herufi ni kumi kamili, hakuna nafasi iliyobaki wala iliyokosekana. Mama alipoonyeshwa alicheka, kisha akatoka kwenda jikoni.

Miezi ilipita hivyo. Kuna kanuni moja nzuri katika Pokédex: kiumbe kikishapita mkononi mwako, kitabu kinakikumbuka hata ukikirudisha. Basi dada alikuwa anamwazima kaka kobe wake katika kila umbo, kaka anaandikiwa, kobe anarudi. Hivyo hivyo kwa wale 11 wa buluu. TANGANYIKA akakua mpaka kuwa Blastoise, kobe mkubwa wa mwisho, ngazi ya 48. Kaka akafika 146.

Hapo akakwama. Walibaki wanne: Bulbasaur na maumbo yake mawili, ambao wote wawili hawakuwachagua mwanzoni, na Flareon, ambaye anatoka kwa Eevee. Kila kaseti inatoa Eevee mmoja tu. Wa kaka alishageuzwa Jolteon, wa dada Vaporeon. Dawa ilikuwa moja: mmoja wao afute safari yake yote na kuanza upya. Kaseti hizi hazihifadhi safari mbili.

Kaka alisema afute dada, kwa sababu yeye yuko karibu kumaliza. Msichana alijibu kifupi: "Hapana, yaya. Siezi."

Kijana hakuwa mkorofi. Alimweleza kwamba viumbe vyake havitapotea, vitavuka waya na kukaa kwenye kaseti nyekundu mpaka atakapovihitaji. Ilikuwa kweli, lakini si kweli yote, na msichana alihisi hivyo kabla ya kujua sababu. Mama hakuamua. Alisema tu kwamba mwenye kufuta ndiye atakayesema siku.

Walivusha viumbe 31, kimoja kimoja, maana waya hauruhusu kutoa bila kupokea. Kila alichotuma dada, kaka alimrudishia panya au ndege wa njiani. Wa mwisho kuvuka alikuwa TANGANYIKA. Kisha msichana akaanza safari mpya, akaandika BARAKA tena, akamchukua Bulbasaur. Alipotaka kuhifadhi, mashine ikamuuliza: safari ya zamani itafutwa, unakubali? Akazima. Alipowasha, kila kitu kilikuwa kama zamani, ila masanduku yamejaa panya. Alikaa juma zima bila kuigusa. Jumamosi iliyofuata, asubuhi, wengine wakiwa bado wamelala, alianza tena, akafika kwenye swali lile, akabonyeza ndiyo.

Siku mbili baadaye akamrudisha kobe wake. Jambo ambalo kaka hakulisema, kwa sababu naye hakulijua, ni hili: mashine haimtambui mwenye kiumbe kwa jina peke yake. Kila safari inapoanza, inatoa namba ya tarakimu tano. Kobe alikuwa na jina la mwenyewe, BARAKA, na msichana alikuwa BARAKA, lakini namba zilikuwa mbili. Kwa mashine, huyu ni mgeni anayemwongoza kiumbe cha mtu mwingine. Mgeni asiye na nishani hasikilizwi na kiumbe kilichopita ngazi ya 10. Msichana alimwambia TANGANYIKA apige, TANGANYIKA akalala usingizi. Akamwambia tena, akageuza uso.

Msichana alilia, na kaka akatafuta maneno akayakosa. Mama aliomba aelezwe taratibu, mara mbili. Kisha akasema: "Nimesikia. Jina ni moja, namba ni ingine." Yeye hakuhitaji maelezo zaidi. Aliwahi kusimama kwenye mstari wa posho, jina lake likisomwa vizuri kabisa na namba ya kadi ikikataa, akarudi na mfuko mtupu siku hiyo, huku majirani waliomjua tangu Fizi wamesimama nyuma yake.

Hakukuwa na njia nyingine isipokuwa kutembea safari yote upya. Nishani ya pili inafanya wageni wasikie hadi ngazi ya 30, ya nne hadi 50. Bulbasaur ndiye aliyepigana, kobe akibebwa tu kama mzigo. Njiani dada alimwazima kaka Bulbasaur, baadaye Ivysaur, baadaye Venusaur: 147, 148, 149. Hakuacha kuazima, hata siku alizokuwa hasemi naye.

Mji unaoitwa Celadon una vitu vitatu kwa pamoja: Eevee yuko huko, nishani ya nne iko huko, na mtu anayetoa cheti yuko huko. Kaka aliomba Eevee kwanza. Dada akasema nishani kwanza. Alipoipata, alitoka nje ya mji, akaingia kwenye majani, na kiumbe cha kwanza kilichojitokeza akamtolea TANGANYIKA. Akabonyeza mara moja. Kobe akapiga maji. Ndipo alipomchukua Eevee na kuunganisha waya mwenyewe.

Kaka alinunua jiwe la moto katika duka kubwa la mji huo, Flareon akaandikwa, 150. Cheti kikatokea kwenye kioo kikiwa na jina moja, la kaka. Msichana alikisoma, kisha akauliza yeye wa kwake atakipata lini.

Swali hilo lina hesabu yake. Kitabu chake kipya Jumapili iliyopita kilikuwa na viumbe 97, na kaka anamwazima kila jioni baada ya masomo. Lakini Charmander wa kaka alishakua zamani, na TANGANYIKA hawezi kurudi kuwa mdogo. Ili dada apate Charmander na Squirtle kwa umbo lao la utotoni, kaka atapaswa kuanza upya, tena mara mbili. Cheti kitafutika. Viumbe vyake vitavuka waya na kurudi vikimwona mgeni.

Kijana amekubali kwa mdomo. Amesema atafuta baada ya mitihani. Mitihani imekwisha juma lililopita.

Huko Baraka, mama mkubwa amebadilisha swali lake. Sasa anauliza: "Amefuta?" Jibu lililofika Jumatano lilikuwa sauti ya msichana mwenyewe, neno moja: "Bado."