Kalamu Iliyokataa Kunyamaza

Msomaji wangu, wako watu wadhanio kuwa riwaya ni chombo cha kupotezea wakati. Nami nilikuwa mmoja wao, hata siku ile nilipokuwa chuo cha ualimu nikaazima katika maktaba kitabu kilichochakaa kiitwacho Max Havelaar, katika tafsiri ya Kiingereza. Mwandishi wake alijiita Multatuli, maneno ya Kilatini yenye maana ya "nimeteseka sana".

Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Eduard Douwes Dekker. Alizaliwa Amsterdam, Uholanzi, mwaka 1820, mwana wa nahodha. Akiwa na umri wa miaka 18 alipanda merikebu kwenda Java, kisiwa kilichotawaliwa wakati huo na Waholanzi, na ambacho leo ni sehemu ya Indonesia. Huko, tangu mwaka 1830, serikali iliwalazimisha wakulima kutenga sehemu ya mashamba yao kwa kahawa, miwa na nili ya kuuzwa Ulaya. Kwetu Kenya mambo yalikuwa kinyume: kwa miaka mingi ya ukoloni Mwafrika alizuiwa kupanda kahawa. Mmoja alilazimishwa, mwingine alikatazwa, na wote wawili hawakuulizwa.

Mnamo Januari 1856 Dekker alipewa madaraka katika wilaya ya Lebak. Aliona mtawala mwenyeji akiwanyang'anya watu nyati wao wa kulimia na kuwafanyisha kazi bila ujira. Wakubwa wa Kiholanzi walijua, lakini taarifa zao zilisema kuwa nchi imetulia. Haukupita muda mrefu Dekker akamshtaki mtawala yule. Wakubwa waliamua kumhamisha yeye mshtaki. Naye akajiuzulu, akabaki hana kazi, ana mke na mtoto mdogo.

Hapo, msomaji, nalikifunga kitabu kwa haya. Katika shule moja niliyofundisha mwanzo, wanafunzi walitolewa darasani kila Ijumaa wakapalilie shamba la mkubwa wetu. Ilipofika zamu yangu ya kuandika taarifa ya muhula, niliandika: "Masomo yanaendelea vema." Niliogopa kuhamishwa. Nilikuwa mmoja wa waandishi wa taarifa za Lebak.

Mwaka 1859, katika chumba cha hoteli ndogo mjini Brussels, Dekker aliandika riwaya yake kwa muda wa majuma machache. Ndani yake mna dalali wa kahawa wa Amsterdam, mchoyo mwenye kujiona mcha Mungu, asiyetaka kujua kahawa yake imelowa jasho la nani. Mna pia kijana Saijah, ambaye nyati wa baba yake anatwaliwa. Anakwenda mbali kutafuta fedha ili amwoe Adinda, na arudipo hamkuti; anapomfuata alikokimbilia, anamkuta ameuawa na askari. Mwishoni mwandishi anawafukuza wahusika wake wote na kusema mwenyewe mbele ya mfalme wa Uholanzi.

Kitabu kilipotoka mwaka 1860, majina ya mahali yalikuwa yamefutwa na kuwekwa nukta, na bei ilikuwa ya juu, kwa shauri la mtu aliyekabidhiwa kukichapisha. Dekker alikwenda mahakamani akashindwa. Hata hivyo kilisomwa, kikazungumzwa, na Waholanzi wengi hawakuweza tena kusema kuwa hawajui. Kilimo cha kulazimishwa kilianza kuvunjwa kidogo kidogo, ingawa cha kahawa kilidumu miaka mingi baadaye.

Usidhani kuwa alikuwa malaika. Alicheza kamari, akamwacha mkewe na watoto katika dhiki. Wala hakudai Waholanzi waondoke Java, bali watawale kwa haki. Alifariki Ujerumani mwaka 1887. Lakini mtu mwenye ila aweza kusema kweli, na kweli haipungui uzito kwa ila za aliyeisema.

Mimi nilisema kweli yangu kwa kuchelewa. Muhula uliofuata niliandika habari za shamba lile. Nikahamishwa kabla ya mwaka kwisha. Sijui kama palizi ilikoma. Najua kwamba siku moja nawe utakabidhiwa kalamu na karatasi ya taarifa. Kumbuka nyati wa Saijah, kisha uandike.