Muujiza wa Usiku na Haki ya Asubuhi



Matendo 16 tunaijua sote. Paulo na Sila wako gerezani Filipi, migongo imechanika kwa viboko, miguu imefungwa kwenye mkatale, na usiku wa manane wanaomba na kuimba. Nchi inatetemeka, milango inafunguka, vifungo vinalegea. Nimelihubiri fungu hilo kwenye makesha mengi, na kila mara kanisa husimama kwa shangwe.

Leo naomba tusome mpaka mwisho wa sura, pale kunapopambazuka. Wakuu wa mji wanatuma watu wawaachilie wafungwa. Askari wa gereza anafurahi, anawaambia waende kwa amani. Paulo anakataa kuondoka kimya kimya. Anasema wao ni raia wa Rumi, wamepigwa hadharani bila kuhukumiwa, basi wakubwa waje wenyewe wawatoe. Wakubwa waliposikia neno uraia wakaogopa, wakaja kuwasihi.

Mpendwa, tazama hapo. Mtu aliyeona tetemeko la Mungu usiku bado alitaja uraia wake asubuhi. Hakuona kama kudai haki ni kukosa imani.

Nasema haya kwa ajili ya watoto wetu wanaokwenda kutafuta kazi Uarabuni. Mara kwa mara tunamwita binti mbele ya madhabahu, tunamwekea mikono, tunamwombea kibali mbele ya mwajiri, na Jumapili inayofuata yuko Riyadh, Jeddah au Doha. Kuomba ni vyema. Lakini wengi wao wanapanda ndege bila kujua ubalozi wa Kenya uko wapi, wala unafanya kazi gani.

Kuna mama mmoja wa ushirika wetu ambaye binti yake alikwenda Saudia kufanya kazi za nyumbani. Miezi ya kwanza walikuwa wakiongea kila Ijumaa. Halafu simu ikazimwa. Wiki moja, mbili, tano. Ajenti aliyempeleka naye akawa hashiki simu. Tulifunga na kuomba pamoja na mama huyo, kisha nikamsindikiza mpaka ofisi ya serikali inayoshughulikia Wakenya walio ng'ambo.

Ofisa alituuliza maswali ya kawaida. Jina kamili kama lilivyo kwenye pasipoti? Nambari ya pasipoti? Mwajiri anaitwa nani? Yuko mji gani? Mkataba uko wapi? Mama alijua jina la nyumbani la mtoto wake, na alijua "Saudia". Basi. Alinigeukia machozi yakimtoka akaniuliza, "Pasta, kwani Saudia ni kubwa namna gani?"

Kilichotuokoa ni picha. Binti alikuwa amemtumia rafiki yake picha ya pasipoti na ya ukurasa wa kwanza wa mkataba, siku alipokuwa akiulizia kazi. Picha hizo mbili zilikuwa na nambari, jina la mwajiri na mji. Zikapelekwa ubalozini Riyadh. Haikuwa kazi ya siku moja. Mama alirudi kwenye ofisi ile mara nyingi, kama yule mjane wa Luka 18 aliyemwendea kadhi bila kuchoka. Mwishowe binti alipatikana akiwa hai, simu na pasipoti vimeshikwa na mwajiri. Alirudi nyumbani kwa hati ya dharura ya kusafiria ambayo ubalozi humpa raia asiye na pasipoti yake mkononi. Utukufu ni kwa Mungu, na picha zile Mungu alizitumia.

Tuelewe basi mambo yalivyo. Katika nchi nyingi za Ghuba kuna utaratibu unaoitwa kafala, unaofunga kibali chako cha kuishi kwa mwajiri wako. Ukimwacha, anaweza kukuripoti kwamba umetoroka, na hapo wewe ndiwe unayetafutwa. Mwaka 2021 Saudia ililegeza masharti kwa wafanyakazi wengi wa kigeni, lakini mabadiliko hayo hayakuwagusa wafanyakazi wa nyumbani, na huko ndiko mabinti wetu wengi waliko.

Kuna pia Mkataba wa Vienna wa 1963 unaohusu kazi za kikonseli. Unasema raia wa kigeni akikamatwa, wenye mamlaka wamweleze bila kuchelewa kwamba ana haki ya ubalozi wake kujulishwa, na *akiomba*, waujulishe. Ofisa wa ubalozi anaruhusiwa kumtembelea na kumpangia wakili. Zingatia neno hilo, akiomba. Paulo naye asingesema, nani angejua? Kule Yerusalemu, Matendo 22, alikuwa tayari amefungwa kamba apigwe mijeledi. Akauliza swali moja tu kuhusu uraia wake, na mijeledi ikawekwa chini.

Ubalozi pia una mipaka yake. Hauwezi kuvunja sheria ya nchi ile ukakutoa jela kwa nguvu, wala kukulipia madeni. Wengine wamekwenda wakarudishwa kesho na kesho kutwa, na uchungu wao ni wa kweli. Lakini hata anayelalamika kuhusu mlango lazima kwanza aujue uko wapi.

Kwa hiyo, mwanangu unayesafiri, fanya hivi kabla hatujakuwekea mikono:

1. Hakikisha ajenti wako amesajiliwa na Mamlaka ya Kitaifa ya Ajira. Akikasirika ukiuliza, umeshapata jibu.
2. Soma viza yako. Viza ya matembezi si kibali cha kazi, hata ajenti aape vipi.
3. Piga picha pasipoti, viza na mkataba. Waachie watu wawili, mmoja awe mzazi.
4. Andika jina la mwajiri, simu yake na mji.
5. Kariri nambari ya ubalozi. Simu inaweza kuchukuliwa, kichwa hakichukuliwi.
6. Ukifika, jiandikishe ubalozini siku za kwanza, mambo yakiwa bado mazuri.

Kanisani kwetu tumeanza faili la wasafiri. Linafungiwa kabatini, na wazee wawili tu ndio wana ufunguo. Hakuna anayepakwa mafuta ya safari kabla karatasi zake hazijaingia humo. Kuna ndugu aliyeniambia hayo ni mambo ya mwili. Nilimjibu kwamba Paulo alinena kwa lugha kuliko Wakorintho wote, na bado alikata rufani kwa Kaisari.

Tuombe. Baba, mkumbuke kila mtoto wa Kenya aliye nyuma ya mlango uliofungwa usiku huu. Mpe ujasiri wa kusema yeye ni nani na ametoka wapi. Walio kwenye balozi zetu, wape masikio na moyo. Na mama anayepiga simu isiyopokelewa, umtie nguvu arudi tena kesho kuuliza. Kwa jina la Yesu, amina.

Kama una mtu anayesafiri mwezi huu, mtumie ujumbe huu leo.