Panzi Aliyenifunza Kutojibu kwa Haraka

Hapa kwetu Dodoma mvua ni za msimu mmoja. Huanza mwishoni mwa mwaka na kukoma karibu na Aprili, na katika miezi hiyo nyanda hizi kavu hugeuka kijani. Watoto wa madrasa hupata uwanja mpya wa michezo: vichaka vilivyo nyuma ya msikiti. Huko ndiko walikomkamata panzi ninayetaka kuwasimulia habari zake, kwani nusura jibu langu limdhuru mtoto wa mtu.

Ilikuwa baada ya swala ya Alasiri. Nilikuwa nimeketi barazani nikiandika muhtasari wa kikao cha kamati, akanijia mvulana wa miaka tisa, ameshika panzi mkubwa wa kijani, mrefu kama kidole cha mtu mzima.

"Ustadhi, huyu ni halali?"

Nami, bila kuinua macho sawasawa, nikamjibu: "Nzige ni halali, hata bila ya kuchinjwa." Dalili ninayo, nilisoma chuoni: imepokewa kutoka kwa Abdullah bin Umar (R.A) kwamba wafu wawili tumehalalishiwa, samaki na nzige. Mtoto akaondoka mbio, nami nikarudi kwenye muhtasari wangu.

Haukupita muda nikasikia sauti ya bibi mmoja jirani yetu, mzee wa Kigogo, aliyekuwa akipita na ndoo yake ya maji. "Mwacheni huyo! Mwacheni!" Nilipofika nyuma ya msikiti nilikuta watoto wamekwisha kuwasha vijiti. Bibi aliumwagia maji moto ule, kisha akanigeukia.

"Ustadhi, mwanangu, huyu hata kuku wangu hamdonoi. Wewe unawaruhusu watoto wamle?"

Sikuwa na jibu. Niliinama kumtazama yule panzi pale chini, na hapo ndipo nilipomwona kwa mara ya kwanza. Hakuruka wala hakukimbia. Aliyainua mabawa yake, na chini ya ule ukijani ikatokeza rangi nyekundu kali. Akayatikisa, yakatoa mchakato kama wa majani makavu. Mtoto mmoja alipomgusa kwa kijiti, povu lenye harufu mbaya likachuruzika kwenye maungio ya mwili wake.

Baadaye nilimuuliza bwana shamba, nikasoma pia. Panzi huyu ni wa jamii ambayo wataalamu huiita Phymateus. Hupenda kula mimea yenye utomvu mweupe kama maziwa, ambayo mingi ina sumu inayodhuru moyo. Yeye haimdhuru, huihifadhi mwilini mwake ikawa silaha yake. Wanawe, kabla ya kuota mabawa, hukaa kwa makundi juu ya kichaka kimoja, ili rangi zao zionekane kwa mbali. Ndege akimwonja mmoja, humtema, na wengine huwaacha. Basi rangi ile si pambo tu. Ni onyo linalotolewa kabla ya madhara. Kutoka Afrika Kusini kuna taarifa za kitabibu za mtoto aliyepata sumu baada ya kula panzi wa jamii hii.

Usiku ule nilikumbuka aya ya 168 ya Suratul Baqarah, ambamo Allah (S.W) anawaamrisha watu wale vilivyomo ardhini vilivyo halali na vizuri. Sifa ni mbili, nami niliisomea mtoto moja tu. Wanazuoni wetu waliohalalisha nzige ndio hao hao waliokataza kula chenye sumu. Nililijua hilo pia; lakini sikumtazama aliyekuwa mkononi mwa mtoto. Bibi yule hakusoma chuo, ila aliwatazama kuku wake miaka mingi.

Siku ya pili, kabla ya darsa, niliwaambia watoto kwamba nilikosea. Yule mvulana akauliza, "Kwani Ustadhi ulikuwa hujui?" Nikamwambia, "Sikujua, na sikuuliza." Akatikisa kichwa, akafungua juzuu yake. Nilidhani heshima yangu ingepungua. Badala yake, tangu siku hiyo huniletea kila mdudu wanayemwokota, na wakati mwingine tunakwenda pamoja kumuuliza bibi.

Ndugu wazazi, watoto wetu wanakula kumbikumbi, nasi tulikula. Hakuna ubaya. Lakini wafundisheni kwamba mdudu wa rangi kali, asiyekimbia akishikwa na anayetoa povu, haliwi. Na aliyemshika anawe mikono kabla ya kugusa chakula. Wala msimuue bure, kwa kuwa ameshatuonya. Yule wetu tulimrudisha kichakani kwa kijiti. Aliyakunja mabawa yake, akapanda tawi taratibu, bila haraka yoyote.