Kibali cha majitaka si ruhusa ya kuchafua mto

Ndugu wakulima wa kahawa, swali ninaloulizwa sana vijijini ni hili: "Bwana shamba, kibali cha kutumia maji tunacho, cha kumwaga majitaka cha nini tena?"

Ni vibali viwili tofauti. Kwa Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya 2009, vyote hutolewa na Bodi ya Maji ya Bonde. Cha kwanza kinahusu maji mnayochota. Cha pili kinaweka masharti ya maji mnayorudisha mtoni.

Maji ya kumenyea kahawa yana sukari na utelezi. Yakioza mtoni humaliza hewa, samaki wakafa. Mama anayechota kijiji cha chini haingii kwenye vikao vyenu. Naona kibali hicho ndicho kinachomsemea.

Kabla ya msimu, nendeni ofisi ya bonde mkaulize masharti. Chimbeni mashimo ya kutuamisha maji, zaidi ya mita 60 kutoka kingo za mto. Rudieni kutumia maji ya kumenyea, na maganda yafanyeni mboji.