Mazoezi ya darasani yaliyogeuka sinema

Wiki hii yote kuna kijana wa Kipolandi amenikaa kichwani. Namwita kijana ingawa alizaliwa mwaka 1938, maana ninayotaka kuwasimulia aliyafanya kabla hajatimiza miaka 30. Anaitwa Jerzy Skolimowski.

Jamaa alikuwa mshairi, tena bondia. Mwongozaji mkubwa wa kwao, Andrzej Wajda, alimwonyesha mswada wa filamu kuhusu vijana. Dogo hakuuma maneno: vijana hawako hivyo. Haya, andika wewe basi! Akaandika. Filamu ikatoka mwaka 1960, Niewinni czarodzieje, naye akitajwa kama mmoja wa waandishi wake. Miaka miwili baadaye jina lake likawemo tena kwenye mswada wa Nóż w wodzie ya Roman Polanski.

Lakini kilichonivunja mbavu ni ujanja wake chuoni Łódź. Wanafunzi wa filamu walipewa mkanda kidogo kidogo kwa ajili ya mazoezi. Yeye akapanga kila zoezi liwe kipande cha hadithi moja, na mhusika mkuu akawa yeye mwenyewe. Mwisho wa masomo akaviunganisha vipande vyake: filamu nzima! Ndiyo Rysopis, ya mwaka 1964.

Sisi wa vyumba vya habari twaijua hali hiyo. Gari hakuna, posho hakuna, nafasi ukurasani ni kiduchu. Hata hivyo habari fupi kumi za mtaa mmoja, ukizipanga vizuri, ni makala moja kubwa.

Tatizo ni kwamba hata makala kubwa hukwama. Ninayo moja, kuhusu viwanja, imelala mezani kwa mhariri tangu masika. Kila nikiuliza naambiwa "subiri kidogo".

Skolimowski naye alisubirishwa. Mwaka 1967 filamu yake Le départ ilishinda tuzo kuu Berlin. Mwaka huohuo kwao wakaifungia Ręce do góry, yenye bango kubwa la Stalin mwenye macho manne. Akaenda kufanyia kazi nje. Filamu ilikuja kuonekana mwaka 1981, baada ya yeye kuiongezea sehemu mpya mwanzoni.

Wengine watasema, "Si unaona, subira yavuta heri." Mimi nina shaka. Aliyekuwa na miaka 20 filamu ilipofungiwa, ilipofunguliwa alikuwa na 34, pengine na watoto. Ilikuwa filamu ya rika lake, ikamfikia ujana umeshapita. Heri gani hiyo?

Mzee mwenyewe hakukata tamaa. Mwaka 2022, akiwa na miaka 84, alipata Tuzo ya Majaji Cannes kwa EO, filamu kuhusu punda. Nampa heshima zake zote.

Ila wale watu wa viwanja vyangu hawana miaka 14 ya kusubiri. Jumatatu nauliza tena.